Mwigizaji na Jina la Ndovu: Maisha ya Awali na Kazi ya Virginia McKenna Yakitazamwa kutoka Voi

Utangulizi

Maisha ya waigizaji wa kike yamezoeleka kuandikwa kwa utaratibu mmoja: kwanza kuzaliwa, kisha kipaji kilichojitokeza utotoni, kisha ndoa, tuzo, na mwishowe heshima za uzeeni. Utaratibu huu una faida yake, kwani huhifadhi tarehe na majina. Hata hivyo, kwa upande wa uhakiki una kasoro kubwa. Huifanya kazi ya sanaa kuwa orodha ya mafanikio, na mahali ilipofanyiwa kazi hiyo huwa kama pazia lililochorwa nyuma ya jukwaa.

Makala haya yanakusudia kuyachunguza maisha ya awali na kazi ya Virginia McKenna, mwigizaji wa Kiingereza, kwa kuanzia mahali ambapo wasifu wake kwa kawaida hupapita haraka, yaani Voi na nchi ya Taita Taveta. Hoja inayotolewa ni kwamba badiliko kubwa katika kazi yake lilianzia Tsavo, kando ya ndovu mchanga aliyepewa jina la Kiswahili, wala si London au Hollywood. Hoja ya pili, ambayo haitenganiki na ya kwanza, ni kwamba badiliko hilo, pamoja na ukweli wake wote, liliwaacha nje ya picha watu wenye nchi hiyo. Ili kipimo kisitoke upande mmoja, McKenna atalinganishwa na Faten Hamama wa Misri, mwigizaji wa rika lake hasa, ambaye naye alifika mahali ambapo kuigiza peke yake hakukumtosha.

Pengine itaulizwa suala hili linahusu nini katika uchunguzi wa lugha. Jibu ni kwamba kiini chake ni neno. Filamu iliyomleta McKenna Tsavo imepewa jina lake kutokana na neno la Kiswahili lililotafsiriwa, na katika tafsiri hiyo kuna kilichochukuliwa na kuna kilichoachwa.

Wasichana wawili wa mwaka 1931

Faten Hamama alizaliwa tarehe 27 Mei 1931, na wasifu wake kwa kawaida huutaja mji wa Mansoura, katika delta ya mto Nile, kuwa ndiko kwao. Virginia McKenna alizaliwa London tarehe 7 Juni mwaka huohuo, siku kumi na moja baadaye, katika familia iliyolizoea jukwaa. Ukaribu wa tarehe hizi ni sadfa tu, lakini unamsaidia mhakiki, kwa kuwa unawaweka wanawake hawa wawili mbele ya historia moja: vita vya pili vya dunia, kudhoofika kwa dola ya Kiingereza, na kukua kwa sinema kama sanaa ya umma.

Hamama aliingia katika sinema akiwa bado mtoto. Mwaka 1940 alionekana katika filamu ya Yawm Said, yaani Siku ya Furaha, iliyoongozwa na Mohammed Karim, akiwa pamoja na mwimbaji Mohammed Abdel Wahab. Jina hilo la mwisho si geni kwa masikio ya pwani ya Waswahili. Muziki wa Misri ulikuwa umekwisha kuwa kielelezo cha taarabu ya Unguja tangu enzi ya Sultani Barghash, na chama cha Ikhwani Safaa, kilichoanzishwa mwaka 1905, kiliufuata mkondo huo. Hivyo Misri ilijulikana pwani kwa sauti kabla haijajulikana kwa picha. Baadaye Hamama alijiunga na chuo cha uigizaji cha Kairo. Tangu hapo alikulia mbele ya watazamaji wake, na lugha aliyoisema katika filamu ilikuwa ndiyo lugha ya watazamaji hao.

Utoto wa McKenna ulikatizwa na vita. Alipelekwa Afrika Kusini, akakaa huko miaka sita, na kurudi Uingereza akiwa na umri wa miaka kumi na minne. Jambo hili hutajwa katika wasifu wake kwa sentensi moja, lakini lina uzito. Afrika aliyokutana nayo kwanza ilikuwa mahali pa usalama, mbali na mabomu, nayo ilikuwa nchi ambamo watu weusi walikuwa karibu naye bila kuwa sawa naye. Baada ya kurudi alisomea sanaa ya usemi na maigizo katika Central School of Speech and Drama. Alipotimiza miaka kumi na tisa alikwenda kufanya kazi katika jumba la maigizo la Dundee, Uskochi, na mwaka 1951 akaonekana katika kumbi za London. Katika filamu alianza kujulikana mwaka 1952, na mwaka 1953 alishiriki katika The Cruel Sea, filamu ya mabaharia wa vitani.

Mwanamke katika nchi ya wengine

Ukiziangalia kazi kuu za McKenna za miaka ya 1950 na 1960 kwa pamoja, utaona dhamira moja ikijirudia: mwanamke wa Kiingereza aliyewekwa katika nchi ya watu wengine. Linalobadilika ni uhusiano wake na wenyeji.

Katika A Town Like Alice ya mwaka 1956, iliyotokana na riwaya ya Nevil Shute ya mwaka 1950, McKenna ni Jean Paget, mmoja wa wanawake wanaotembezwa kwa miguu huku na huko katika Malaya na askari wa Kijapani. Mhusika huyu, kama alivyoumbwa na mwandishi wa riwaya, anajua Kimalay, na ni ujuzi huo unaomwezesha kuwaombea wenzake hifadhi kijijini. Wenyeji hapa si mapambo. Wana mamlaka ya kukubali au kukataa, na Mwingereza hana budi kuwaomba kwa lugha yao. McKenna alipewa tuzo ya chuo cha filamu cha Uingereza ya mwigizaji bora wa kike wa Kiingereza kwa kazi hii, na kwa haki, kwani aliuonyesha unyonge bila kuupamba. Mwaka 1958 akaigiza kama Violette Szabo, jasusi aliyeuawa na Wajerumani katika kambi ya Ravensbrück mwaka 1945. Hapa pia mwanamke anaingia nchi isiyokuwa huru, na maisha yake yanategemea uaminifu wa wenyeji.

Mambo yanageuka katika Born Free ya mwaka 1966. Filamu hii, iliyopigwa Kenya na kuongozwa na James Hill, inasimulia habari za Joy Adamson na simba Elsa, kama zilivyoandikwa katika kitabu cha mwaka 1960. McKenna ni Joy, na mumewe, Bill Travers, waliyeoana mwaka 1957, ni George. Waafrika wawili wanaonekana kwa majina, Nuru na Makkede, wakiigizwa na Peter Lukoye na Omar Chambati. Hao ni watumishi. Mwanamke wa Kiingereza sasa ndiye mwenye kuamuru, na anayeombwa ni simba. Uhusiano wa moyo, ambao katika A Town Like Alice ulikuwa baina ya mgeni na wanakijiji, umehamishiwa kwa mnyama. Mhakiki hana sababu ya kumlaumu mwigizaji kwa muundo wa hadithi asiyoiandika. Lakini muundo huo wafaa utambuliwe, maana ndio uliomfikisha Tsavo.

Kutoka mhusika hadi mtu

Tsavo ilikuwa imeigizwa mara nyingi bila ya Tsavo yenyewe. Bwana Devil ya mwaka 1952, iliyohusu simba walioua wajenzi wa reli mwaka 1898, ilipigwa zaidi California. The Ghost and the Darkness ya mwaka 1996, yenye habari hiyohiyo, ilipigwa Afrika Kusini. Kwa hiyo An Elephant Called Slowly, iliyopigwa mnamo 1968 na kuongozwa na James Hill tena, ina sifa yake ya pekee. Ilifanywa kwa msaada wa David Sheldrick, aliyekuwa mkuu wa Tsavo Mashariki tangu mbuga ilipoanzishwa mwaka 1948 hadi 1976, na mkewe Daphne, ambao pale Voi walikuwa wakiwalea ndovu mayatima.

Fani ya filamu hii ni nyepesi. Mume na mke Waingereza wanakuja Afrika kuitunza nyumba ya rafiki, na wanyama wanawazuru, hasa ndovu wachanga watatu. Hakuna mgogoro mkubwa wala adui. Lakini kuna jambo moja la kifani ambalo lina maana kuliko hadithi yenyewe: wahusika wakuu wanaitwa Bill na Ginny, yaani kwa majina ya waigizaji wenyewe, na George Adamson anaonekana akiwa yeye mwenyewe. Mwigizaji aliyefunzwa London kujivika nafsi ya mtu mwingine anaingia Tsavo bila vazi. Sababu si vigumu kuiona. Ndovu mchanga hajui kuigiza. Hatofautishi Ginny na Virginia, wala mapenzi ya mbele ya kamera na mapenzi ya nyuma yake. Mwigizaji anayecheza naye hulazimika ama kumdanganya mnyama, ama kuacha kuigiza.

Yaliyofuata yanathibitisha kwamba McKenna aliacha kuigiza. Mmoja wa ndovu wale, Pole Pole, alikuwa amekamatwa mwituni ili serikali ya Kenya impeleke kwa bustani ya wanyama ya London kama zawadi. Filamu ilipokwisha, McKenna na Travers waliomba wamnunue ili abaki na akina Sheldrick. Wakaambiwa kwamba akibaki yeye, atakamatwa mwingine mahali pake. Kwa kutotaka mwingine atolewe katika kundi lake, wakaliacha ombi, na Pole Pole akasafirishwa. Mwaka 1982 walikwenda kumtazama London, wakamwita kwa jina, naye akawajia na kuwanyoshea mkonga. Mwaka 1983, katika maandalizi ya kumhamishia kwingine, aliumia, na hatimaye akauawa na wataalamu kwa kuwa hakuweza tena kusimama vyema. Mwaka 1984 McKenna na Travers wakaanzisha chama cha kupinga ufungwa wa wanyama, Zoo Check, ambacho mwaka 1991 kiligeuzwa kuwa Born Free Foundation. Mwaka 2001 bustani ile ya London iliwahamishia ndovu wake wa mwisho Whipsnade.

McKenna hakuliacha jukwaa kabisa. Mwaka 1979 aliigiza London katika The King and I pamoja na Yul Brynner na kupata tuzo ya Olivier. Hata hivyo uzito wa maisha yake ulikuwa umekwisha kuhama. Alipopewa cheo cha heshima cha Dame mwaka 2023, kazi yake kwa ajili ya wanyama ilikuwa haitenganishiki tena na sifa yake ya uigizaji.

Jina na tafsiri yake

Sasa inafaa kulirudia jina la ndovu. Polepole ni kielezi kilichoundwa kwa uradidi wa neno pole. Kiingereza cha jina la filamu kimechukua maana moja tu, ile ya mwendo. Lakini katika Kiswahili mizizi ya neno ni mipana zaidi. Pole ndilo neno aambiwalo aliyefiwa, aliyeumia, au aliyetoka kazini amechoka. Mpole ni mtu wa tabia ya utulivu, asiye na haraka ya hasira. Upole ni sifa ya moyo kabla ya kuwa sifa ya miguu. Kwa hiyo msikilizaji wa Kiswahili, alisikiapo jina hilo, husikia mwendo, tabia na faraja kwa pamoja, hata kama aliyelitoa hakukusudia yote hayo.

Katika jina la filamu, faraja imeondoka na kimebaki kichekesho: mnyama mkubwa aitwaye Taratibu. Hii si kasoro ya mfasiri peke yake, maana hakuna neno moja la Kiingereza linaloyabeba yote. Lakini upotevu huu unaeleza jambo kuhusu filamu nzima. Filamu ilimtazama ndovu katika ile maana ya kwanza, ya mwendo na mchezo. Maana ya pili, ya kumpa pole aliyepatwa, haikuwamo katika hadithi. Ilikuja miaka kumi na mitano baadaye, nje ya filamu, katika kifo cha mnyama na toba ya watu waliompenda. Yaweza kusemwa kwamba McKenna alitumia nusu ya pili ya maisha yake akiitafsiri sehemu ya jina ambayo filamu yake iliiacha. Hiyo ni sifa kubwa, na mhakiki mwadilifu hana budi kuikiri.

Wasiokuwamo katika picha

Pamoja na kukiri huko, swali la pili linabaki. Neno pole, katika Tsavo ya miaka ile, lilistahili kuambiwa nani mwingine?

Mbuga za Tsavo zimechukua zaidi ya nusu ya ardhi ya Taita Taveta. Wakulima wa Dawida, Sagala na Kasigau wanaishi kandokando yake, na sehemu kubwa ya nchi tambarare iliyobaki ilikwisha kuingia katika mashamba makubwa ya mkonge. Katika miaka ya 1956 na 1957, kabla ya Born Free kupigwa Kenya, ilifanyika kampeni kubwa ya kuwakomesha wawindaji wa Tsavo, na David Sheldrick alikuwa miongoni mwa viongozi wake. Walioguswa zaidi ni Waata, watu wa upinde mrefu, ambao maisha na heshima yao vilijengwa juu ya uwindaji wa ndovu. Wengi walifungwa. Uwindaji huo ulikuwa umekwisha kuingizwa katika biashara haramu ya pembe, na ulinzi wa ndovu ulikuwa na sababu za kweli. Lakini ni kweli vilevile kwamba watu walipoteza kazi, na pamoja nayo sehemu kubwa ya utamaduni wao, wala hakuna kamera iliyoletwa kuwauliza majina yao. Kisha katika ukame wa miaka ya 1970 na 1971 ndovu walikufa kwa maelfu Tsavo. Nchi iliyoonyeshwa kama mahali pa michezo ilikuwa nchi ya njaa, kwa mnyama na kwa mtu.

Hapa ndipo ulinganisho na Hamama unapofaa. Katika Du'a al-Karawan ya mwaka 1959, iliyoongozwa na Henry Barakat kutokana na riwaya ya Taha Hussein, Hamama ni Amna, msichana maskini ambaye dada yake ameuawa na mjomba wao kwa sababu ya heshima ya ukoo. Msomaji wa Kiswahili analitambua neno la kwanza la jina hilo bila mkalimani: ni dua, na mwenye kuitoa ni ndege. Lakini katika filamu hiyo sauti ya ndege haichukui nafasi ya sauti ya binadamu. Kila anapolia, Amna anamkumbuka dada yake na kusema. Mnyama anaitumikia hadithi ya mdhulumiwa.

Katika Uridu Hallan ya mwaka 1975, yaani Nataka Ufumbuzi, iliyoongozwa na Said Marzouk, Hamama ni mke anayehangaika mahakamani kutafuta talaka. Filamu hiyo hutajwa kuwa miongoni mwa yaliyochochea mjadala wa sheria za ndoa Misri. Mwaka 1979 ilitolewa sheria namba 44 iliyoongeza haki za wanawake, ikafutwa na mahakama ya katiba mwaka 1985, na mwaka huohuo ikatolewa nyingine mahali pake. Hamama alifariki tarehe 17 Januari 2015.

Wote wawili, basi, walifika mahali ambapo uigizaji ulidai kitu zaidi ya uigizaji. Tofauti yao imo katika wale waliowasemea. Hamama aliwasemea wanawake ambao wangeweza kumsahihisha, kwa kuwa walikuwa wakimsikia katika Kiarabu chao. McKenna alimsemea kiumbe asiyeweza kumsahihisha msemaji wake, mbele ya watazamaji waliokuwa mbali, katika nchi yenye watu ambao wangeweza kumsahihisha kama wangeulizwa. Udhaifu huu hauko katika nia yake. Uko katika umbo la hadithi lililoanza na Born Free, ambamo mapenzi kati ya mgeni na mnyama hayahitaji mwenyeji ila kama mtumishi. Jean Paget wa mwaka 1956 asingeliweza kuishi katika hadithi ya namna hiyo, kwa sababu yeye alijua kwamba bila ya lugha ya kijijini angekufa.

Wala si kweli kwamba wenyeji hawana la kusema ila malalamiko. Katika karne hii, wakulima wa Sagala ya chini wameshirikiana na watafiti kuzungushia mashamba yao nyuzi zilizotundikwa mizinga, kwa kuwa ndovu huwaogopa nyuki. Ndovu akiigusa waya, mizinga hutikisika, nyuki hutoka, na mkulima hubaki na mahindi pamoja na asali. Hadithi hiyo ina ndovu, ina hatari, ina akili, na ina watu wenye majina. Ni tamthilia iliyokamilika, na lugha zake zipo.

Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba maisha ya Virginia McKenna hayaeleweki vyema iwapo Voi itachukuliwa kama kituo kimojawapo cha safari zake. Ni Tsavo iliyomfanya aingie katika filamu kwa jina lake mwenyewe, na ni ndovu mwenye jina la Kiswahili aliyemwonyesha mpaka wa sanaa yake. Alikubali fundisho hilo na kulilipia kwa miaka mingi ya kazi. Ni wachache katika taaluma yake waliofanya hivyo.

Imeonekana pia kwamba umbo la hadithi alilolirithi lilikuwa na nafasi kwa mnyama na mgeni, lakini si kwa Mdawida, Msagala, Mtaveta wala Mwata. Upungufu huo hautaondolewa kwa kumlaumu mwigizaji wa London. Utaondolewa pale waandishi wa tamthilia na filamu watakapokwenda Sagala, Kasigau, Mwatate na Taveta, wakasikiliza masimulizi ya ndovu katika Kidawida, Kisagala na Kitaveta, na kuyaandikia mchezo ambamo mwanamke wa Taita, aliyekesha akipiga debe kulinda shamba lake, atasema maneno yake mwenyewe. Vyuo vya lugha vina wajibu wa kwanza katika jambo hili, kwa kuwa wazee wenye masimulizi hayo, na hasa Waata waliouishi uwindaji kabla ya kampeni ya 1956, wanapungua kila mwaka. Masimulizi yakishapatikana, mwigizaji wa kuyasema hatakosekana Voi.